Urefu wa filamu za Lav Diaz si uzembe

Kila Lav Diaz anapotajwa, huzuka dai lilelile: Mfilipino huyu hutengeneza filamu za saa nane au kumi kwa sababu hajui kukata. Si kweli. Miaka ya 1990 alianzia kwenye filamu za kibiashara za urefu wa kawaida. Na The Woman Who Left, iliyompa Simba wa Dhahabu, tuzo kuu ya tamasha la filamu la Venice, mwaka 2016, aliihariri mwenyewe. Ina karibu saa nne, na kwake hiyo ni fupi.

Mara nyingi kamera yake husimama mbali, haisogei. Mtu anaingia, anapita njia nzima ya matope hadi anatoweka, ndipo tukio linakatwa. Evolution of a Filipino Family (2004), ya takriban saa kumi, ilipigwa kwa miaka mingi, ikaanza kwa mkanda wa milimita 16 na kumalizika kwa kamera ya dijitali, hivyo waigizaji wanazeeka kweli mbele yako. Inafuata familia ya wakulima enzi za utawala wa kijeshi wa Ferdinand Marcos, rais wa Ufilipino wakati huo. Kuharakisha hapo, kwa maoni yangu, kungekuwa utovu wa adabu.

Asiye na siku nzima aanze na Norte (2013): ya rangi, saa nne na dakika chache.