Kukatwa kodi si kuwasilisha ritani: kisa cha Meya Harold Washington

Msimu wa ritani (fomu ya kila mwaka ya kuitangazia serikali mapato na kodi yako) umeanza, na dawati letu la msaada wa kodi kwa wasemaji wa Kiswahili hapa Chicago limeanza kupokea jibu lile lile: "Mimi nimeshakatwa kwenye mshahara, ritani ya nini tena?" Mwaka huu tumeona tulijibu kwa kisa cha mtu ambaye jina lake mnalisoma kila mnapoingia maktaba kuu ya jiji: Harold Washington, mtu mweusi wa kwanza kuchaguliwa meya wa Chicago.

Alizaliwa hapa hapa tarehe 15 Aprili 1922. (Ndiyo, tarehe ambayo siku hizi ndiyo mwisho wa kuwasilisha ritani. Hatukuipanga sisi.) Baba yake, Roy, alikuwa wakili, mhubiri wa Kimethodisti na mtu wa chama cha Democratic mtaani, wa kujua nani kapiga kura na nani kabaki nyumbani. Harold alitumikia jeshi huko Pasifiki wakati wa Vita Kuu ya Pili, akasoma Chuo cha Roosevelt, kisha sheria Chuo Kikuu cha Northwestern, akahitimu 1952. Baba alipofariki, mwana akapata kazi katika ofisi ya wanasheria wa jiji. Mwaka 1965 akaingia Bunge la Illinois.

Sasa hapa ndipo pa kusikiliza. Akiwa mbunge alishtakiwa kwa kutowasilisha ritani za miaka minne. Kodi yake ilikuwa ikikatwa kama yenu. Kilichobaki kudaiwa kilikuwa dola 500 na ushei. Mwaka 1972 akakaa siku 36 katika jela ya Kaunti ya Cook. Wakili mzima.

Naomba lieleweke: kuwasilisha ni jambo moja, kulipa ni jingine, na kila moja lina adhabu yake. Kuchelewa kuwasilisha ni asilimia 5 ya kodi isiyolipwa kwa kila mwezi au sehemu ya mwezi, hadi kufikia asilimia 25. Kuchelewa kulipa ni asilimia 0.5 kwa mwezi, nako hadi 25. Makosa yote mawili yakiangukia mwezi mmoja, ile 0.5 hutolewa ndani ya 5, haiongezwi juu yake. Ritani ikipitisha siku 60 kuna kiwango cha chini cha adhabu, hivyo deni la dola 200 linaweza kuzaa adhabu ya dola 200. Riba inahesabiwa kando. Anayeomba kwa fomu 4868 asogezewe muda hadi 15 Oktoba amesogezewa wa kuwasilisha tu. Wa kulipa uko pale pale. Kutowasilisha kwa makusudi ni jinai: hadi mwaka 1 jela na faini hadi dola 25,000, kwa kila mwaka wa kodi. Kwa kawaida mamlaka ya kodi (IRS) huanza na barua, si pingu. Basi zifungueni hizo barua! Haya ni maelezo ya jumla. Kila faili lina mazingira yake.

Jela haikummaliza Harold. Mwaka 1976 alichaguliwa kuingia Seneti ya jimbo, 1977 akagombea umeya akashindwa, 1980 akachaguliwa kuingia Bunge la Marekani. Kuelekea uchaguzi wa 1983, uandikishaji uliingiza wapiga kura wapya zaidi ya 100,000, naye akawabwaga kwenye mchujo wa chama cha Democratic meya aliyekuwa madarakani, Jane Byrne, na Richard M. Daley, mtoto wa meya wa zamani. Kwa jiji la Democratic, kazi ilipaswa kuishia hapo. Lakini Wademocrat wengi weupe walimkimbilia mgombea wa Republican, Bernard Epton, na kampeni yake ikaifukua kesi ya kodi, miaka 11 baadaye. Tusijidanganye, kilichowasukuma wengi ni rangi. Ila ritani ziliwapa kisingizio cha heshima. Harold alipita kwa takriban asilimia 52.

Wanaodhani meya wa Chicago huamua kila kitu wamtazame huyu. Madiwani 29 kati ya 50, wakiongozwa na Edward Vrdolyak, walikwamisha mipango na uteuzi wake. Yeye alikuwa na 21, na kura ya turufu ambayo kuitengua kulihitaji 34. Mvutano huo ulidumu hadi 1986, mahakama ilipoamuru uchaguzi maalumu katika kata saba. Zikawa 25 kwa 25, na kura ya kuamua ni ya meya. Alichaguliwa tena 1987, akafariki kwa mshtuko wa moyo akiwa ofisini City Hall tarehe 25 Novemba mwaka huo huo.

Mwenye ritani za miaka ya nyuma aje na W-2 (taarifa ya mwajiri ya mshahara na kodi iliyokatwa) za kila mwaka husika, kitambulisho na namba ya hifadhi ya jamii. Asiye na W-2 asikae nyumbani. Nakala za taarifa za mishahara huombwa kwa mamlaka. Na anayestahili kurudishiwa fedha ajue kwamba, kwa kawaida, baada ya miaka 3 tangu tarehe ya mwisho ya ritani hiyo, fedha hizo hazidaiwi tena.