Seva ya gemu ndani ya chumba kimoja: waya, anwani na mashine isiyochezewa

Swali la kwanza ninaloulizwa na mtu anayetaka kufungua chumba cha gemu, awe Mwanjelwa au Uyole hapa Mbeya, au Mafinga, ni hili: "Fundi, kwa mwezi nitahitaji bando la GB ngapi?" Jibu langu huwashangaza wengi. Kwa kucheza tu, huhitaji hata MB moja. Vijana kumi waliokaa chumba kimoja hawana sababu ya kupeleka risasi zao Ulaya ili zirudi kumpiga aliyeketi meza ya pili. Kinachotakiwa ni seva ndani ya chumba hichohicho, swichi (kisanduku cha matundu kinachounganisha kebo za kompyuta zote), na waya ulioungwa vizuri.

Piga hesabu mwenyewe. Kutoka Mbeya hadi Frankfurt, mji wenye seva za gemu nyingi za mtandaoni, ni takribani kilomita 7,000 kwa mstari wa ndege. Mwanga ndani ya faiba, yaani kebo ya nyuzi za kioo inayobeba intaneti, husafiri kama kilomita 200,000 kwa sekunde. Kwenda na kurudi, hata faiba ingenyooshwa moja kwa moja, ni milisekunde 70, na hakuna ruta ya bei mbaya itakayozipunguza. Na faiba yenyewe hainyooki: kuifikia bahari pale Dar es Salaam tu ni zaidi ya kilomita 800 za barabara, kabla haijaanza kuzunguka bara. Ndani ya chumba, kwa waya, safari hiyo huchukua chini ya milisekunde 1. Kwenye gemu ya kurushiana risasi, tofauti hiyo ndiyo inayoamua nani amemwahi mwenzake.

Seva ni refa wa mchezo. Kila kompyuta inaipelekea taarifa fupi: nimekwenda mbele, nimegeuka kushoto, nimefyatua. Seva inazikusanya zote, inaamua kilichotokea, kisha inawarudishia wachezaji wote hali moja ya mchezo, na kazi hiyo inairudia mara nyingi kila sekunde. Taarifa hizo ni ndogo mno. Swichi ya zamani ya megabiti 100 inabeba chumba kizima kinachocheza Counter-Strike 1.6, gemu ya kurushiana risasi, bila shida yoyote. Ndiyo maana huwa nasikitika nikiona mtu ametumia mtaji wake kununua vifaa vya kasi kubwa huku waya umeungwa ovyo. Kinachoua mchezo ni taarifa kuchelewa au kupotea njiani. Gemu nyingi za mapigano hutumia UDP, njia ya kutuma taarifa bila kusubiri uthibitisho kwamba imefika, na kwa UDP pakiti (kifurushi kimoja cha taarifa) ikipotea haitumwi tena. Unachokiona kwenye skrini ni mtu aliyekuwa mlangoni anaibuka ghafla nyuma yako.

Kwa sababu hiyohiyo siwashauri watu kucheza kwa waifai. Vifaa vyote vilivyoko kwenye chaneli moja vinapokezana kutumia hewa: kimoja kikituma, vingine vinasubiri, na vinavyosubiri ni pamoja na simu za duka la jirani. Kwenye masafa ya 2.4 GHz chaneli zisizoingiliana ni tatu tu, yaani 1, 6 na 11. Pale Mwanjelwa au Kabwe, fungua orodha ya waifai kwenye simu yako uone mitandao mingapi inagombania chaneli hizo tatu. Kupakua filamu utaweza, maana filamu inasubiri. Gemu haisubiri.

Kwa hiyo turudi kwenye waya, na hapa naomba uwe na subira nami, kwa sababu hapa ndipo kazi nyingi zinapoharibikia.

Nunua kebo ya Cat5e yenye shaba tupu. Sokoni kuna kebo za alumini iliyopakwa shaba, na kwa nje zinafanana kabisa. Kwangua ncha ya waya mmoja kwa wembe: ukiona weupe chini ya wekundu, iache. Alumini hukatika haraka ikikunjwa, na kwenye chumba ambacho viti vinasogezwa mchana kutwa kebo hazikosi kukunjwa. Ukifungua ganda utakuta waya nane, jozi nne zilizosokotwa. Huo msokoto una kazi: ndio unaozuia jozi moja isiingiliane na nyingine. Unapobana kichwa cha RJ45, ile plagi ya ncha ya kebo, usisokotoe zaidi ya milimita 13 hivi. Fundi anayefumua sentimita tano ili vidole vyake vipate nafasi anakuachia kebo inayowaka taa zote za testa lakini inapoteza pakiti chumba kikijaa. Mpangilio ninaoutumia pande zote mbili ni wa T568B, kuanzia kushoto huku kilimi cha kichwa kikiwa chini: nyeupe-chungwa, chungwa, nyeupe-kijani, bluu, nyeupe-bluu, kijani, nyeupe-kahawia, kahawia. Hakikisha na ganda la nje limeingia ndani ya kichwa na kubanwa, ili mtu akijikwaa livutwe ganda, si zile nyuzi nyembamba.

Kitu kingine kinachowachanganya watu: kwa megabiti 100 zinatumika jozi mbili tu, ya chungwa na ya kijani. Jozi ya bluu ikikatika, mara nyingi kompyuta bado itaingia kwenye mtandao, ila kasi itashuka kutoka 1,000 hadi 100. Kwa mchezo wenyewe hutaona tofauti. Utaiona siku unayonakili gemu ya GB 30 kutoka mashine moja kwenda nyingine, ukashangaa kwa nini kompyuta ya kona ile inachukua nusu saa na zaidi wakati wenzake wamemaliza kwa dakika chache.

Swichi inunuliwe yenye matundu ya ziada. Kompyuta kumi, chukua ya 16.

Ukishaunganisha, kila mashine inahitaji anwani ya IP, yaani namba ya kuitambulisha kwenye mtandao. Ruta yoyote ya nyumbani itazigawa yenyewe, hata ikiwa haina laini wala intaneti. Seva peke yake uipe anwani ya kudumu, isiyobadilika hata mkizima na kuwasha. Mimi huweka seva kwenye 192.168.1.10, kisha nairuhusu ruta igawe kuanzia 192.168.1.100 kwenda juu, ili zisigongane. Halafu anwani ya seva naiandika kwa maandishi makubwa na kuibandika ukutani, kila mchezaji aione. Ukikuta kompyuta imejipa anwani inayoanza na 169.254, jua kwamba haikumpata mgawaji wa anwani: angalia waya au ruta.

Kosa ninalolikuta sana ni ruta mbili. Mwenye chumba ana ruta yake ya zamani, ananunua nyingine kwa ajili ya laptopu za wateja, anaunganisha ya pili kupitia tundu la intaneti. Sasa ana mitandao miwili. Gemu ikitafuta seva yenyewe, hupaza tangazo kwa mashine zote za mtandao wake, na tangazo hilo halivuki ruta. Laptopu hazioni kitu, na lawama inaiangukia gemu. Dawa yake: chomeka kebo kwenye tundu la kawaida la ruta ya pili, ibadilishie anwani yake yenyewe isifanane na ya kwanza, na uizime kazi ya kugawa anwani. Ukimaliza, zima pia kipengele cha mtandao wa wageni, kwa sababu kazi yake ni kuzuia vifaa visionane.

Windows nayo ina swali lake. Mara ya kwanza unapochomeka waya, matoleo mengine yanauliza kuhusu mtandao huo, mengine yanauhesabu kuwa wa umma bila kuuliza, na inabidi uubadilishe kwenye mipangilio ya mtandao. Chagua wa binafsi. Ukibaki wa umma, fayawoli, yaani mlinzi wa Windows anayezuia yanayoingia kutoka kwenye mtandao, inafunga milango na seva haionekani. Usiizime fayawoli yote, kama ninavyoona vijana wakishauriana. Ruhusu programu ya seva, poti yake (namba ya mlango inaoutumia) na ping, amri ya kupima mtandao tutakayoitumia mwishoni, basi. Counter-Strike 1.6 hutumia UDP 27015, OpenArena UDP 27960, Luanti UDP 30000, na Minecraft ya Java TCP 25565.

Mashine ya seva isichezewe na mtu. Hili ndilo ninalolisisitiza kuliko yote, na ndilo linalopingwa kuliko yote, kwa sababu mwenye chumba anaona kiti kimoja hakiingizi hela. Lakini ukianzisha mchezo ndani ya kompyuta ya mchezaji, yeye peke yake hana ucheleweshaji, wenzake wanajua, na ugomvi unaanza. Muda wake ukiisha akitoka, mchezo wa wote unakatika. Kompyuta ya ofisini ya mtumba yenye RAM ya GB 8, bila kadi ya picha, inatosha kuendesha gemu zote nilizozitaja.

Kuhusu gemu zenyewe, anza na zile za bure kihalali. OpenArena ni ya risasi na inakimbia hata kwenye mashine dhaifu. Luanti, iliyoitwa Minetest hadi 2024, ni ya kujenga na kuchimba. 0 A.D. ni ya mikakati, lakini ina tabia yake: kila kompyuta inapiga hesabu za vita vyote yenyewe na zote zinakwenda pamoja, kwa hiyo mashine moja dhaifu inawachelewesha wote, hata seva iwe na nguvu kiasi gani. Kote huko hakikisha toleo ni lilelile kwenye kila mashine. Gemu za wizi zinazozunguka kwenye flashi nakuomba uziache. Virusi vikiingia mashine moja, mtandao mzuri uliotandaza ndio utakaovisambaza.

Minecraft ni ya kulipia, na kila mchezaji anahitaji akaunti yake. Seva yake ukiiwasha mara ya kwanza inajizima. Fungua faili la eula.txt, soma masharti, na ukikubali badilisha neno false liwe true. Kisha nenda kwenye server.properties. Umbali wa kuona, yaani view-distance, huja ukiwa 10. Kwa mashine ya mtumba mimi huushusha hadi 6. Mstari wa online-mode ukibaki true, seva inathibitisha kila akaunti kupitia intaneti, hivyo intaneti ikikata hakuna mtu mpya atakayeingia. Ukiuweka false, seva inaamini jina lolote ambalo mtu atajiandika. Ndani ya chumba unamwona kila aliyeketi, haina neno. Seva ya namna hiyo usiifungulie njia ya kutoka nje kabisa.

Umeme ni habari nyingine. UPS, ile betri ya akiba, usiifungie skrini za wachezaji. Ifungie seva na skrini yake, swichi na ruta. Vitu hivyo vinakula umeme kidogo, kwa hiyo hata UPS ndogo inakupa muda wa kuandika stop kwenye dirisha la seva ya Minecraft na kusubiri ihifadhi dunia ya mchezo. Ikizimika ghafla katikati ya kuandika faili, jengo ambalo watoto wamelijenga wiki nzima linaweza kuharibika.

Na huku kwetu, kuanzia Novemba hadi Aprili, kuna radi. Usivute kebo ya shaba kutoka nyumba moja kwenda nyingine kupitia hewani. Radi haihitaji kukupiga moja kwa moja. Ikipiga karibu inatosha kuamsha umeme ndani ya waya huo na kuunguza swichi pamoja na kila kilichochomekwa. Kati ya majengo tumia faiba. Mvua ikianza kunguruma, chomoa na waya wa intaneti unaotoka nje. Mchezo hautasimama, kwa sababu hauutegemei.

Kabla hujamfungulia mteja mlango, kaa kwenye kila kompyuta, fungua dirisha la amri na uandike ping -n 100 192.168.1.10. Majibu yote mia yarudi, kila moja likiwa chini ya milisekunde 1. Likipotea hata moja, badilisha kebo hiyo kwanza, kisha jaribu tundu lingine la swichi. Fanya hivyo mashine zote zikiwa zimewashwa na faili kubwa linanakiliwa kati ya mbili kati yake, maana kebo mbovu hujificha chumba kikiwa kimetulia. Na kila usiku, ukishaandika stop, nakili folda ya dunia ya mchezo kwenye diski ya nje, uipe jina la tarehe ya siku hiyo.