Norni ni kina nani hasa?

Hadithi za kale za Skandinavia wengi tunamjua Odin, tunamjua Thor na nyundo yake, basi. Ila kuna wanawake ambao hata huyo Odin hana ubavu kwao, wanaitwa Norni, ndo wanaopanga mtu ataishi vipi na atakufa lini.

Wanaotajwa sana ni watatu, Urd, Verdandi na Skuld. Watu hutafsiri fasta kwamba ni jana, leo na kesho, sawa, haiko mbali sana, maana Urd ni kile kilichokwisha kuwa na Verdandi ni kinachoendelea kuwa, lakini mi huyo Skuld ndo ananinogea, kwa sababu neno hilohilo mpaka leo kwa watu wa Iceland maana yake ni deni. Yaani kesho yako unadaiwa kabisa, hujakopa lakini utalipa.

Wanakaa kisimani chini ya Yggdrasil, ule mti unaobeba dunia zote, na kila siku wanachota maji na tope la pale kisimani wanaumwagia mti matawi yasioze. Kazi ya ndoo na tope, na ndo hao wenye maisha yetu mkononi! Snorri Sturluson, aliyeandika habari hizi kwenye karne ya 13, anasema maji yale kila kinachoingia humo kinakuwa cheupe kama kile kingozi cha ndani ya ganda la yai.

Ile picha ya mabibi watatu wanaosokota uzi wa maisha ya watu ni ya Wagiriki zaidi. Kwenye shairi la Völuspá Norni wanachonga kwenye mbao, japo kwenye shairi la shujaa Helgi wanakuja usiku aliozaliwa wanasokota nyuzi za dhahabu. Na wala sio watatu tu, wapo wa ukoo wa miungu, wapo mabinti wa mbilikimo, wazuri na wabaya.

Kuna mtoto mmoja, Nornagest, watabiri watatu walikuja kwao, yule mdogo akasukumwa akadondoka kwenye kiti, kwa hasira akasema mtoto huyu haishi zaidi ya mshumaa huu unaowaka hapa. Mkubwa wao akauzima chapchap akampa mama autunze. Jamaa akaishi miaka 300 akitembea na mshumaa wake, mpaka siku alipokuwa kwa mfalme Olaf Tryggvason wa Norway, ukawashwa kwa amri ya mfalme, akalala, moto ulivyoisha na yeye akawa ameenda.