Je, wajua kwa nini Nuri Bilge Ceylan alimwachia mwenzake kamera?

Mwongozaji huyu wa Uturuki alianza na picha za mnato, na filamu zake za mwanzo, hadi Uzak ya mwaka 2002, alizipiga kwa mkono wake. Mtu wa aina hiyo hampi mwingine kamera kirahisi. Sasa mpiga picha Gökhan Tiryaki alipenyaje?

Sababu yenyewe haina makuu. Katika İklimler (2006) Ceylan aliigiza mwenyewe pamoja na mkewe, Ebru, na lazima mtu mwingine asimame nyuma ya kamera. Tiryaki akashika nafasi hiyo na hakuiachia: wakatengeneza filamu tano, ikiwemo Kış Uykusu, iliyotwaa Palme d'Or, tuzo kuu ya tamasha la filamu la Cannes, Ufaransa, mwaka 2014.

Lakini ukitaka kumjua fundi, mtazame usiku. Filamu yao Bir Zamanlar Anadolu'da (2011) inafuata polisi, daktari na mwendesha mashtaka wanaozunguka nyikani na mtuhumiwa, wakitafuta maiti iliyozikwa. Sehemu kubwa ya filamu ni giza, na kamera haivumilii giza kama jicho. Ukipiga bila mwanga wa kutosha unapata weusi wenye chengachenga. Ukiwasha mataa ovyo, mtazamaji anashtuka: huku porini umeme umetoka wapi? Ndiyo maana mpiga picha hutafuta mwanga wenye mwenyewe ndani ya hadithi. Hapa ni taa za mbele za magari. Nyasi zinageuka dhahabu, nyuso zinaonekana nusu, na hatua chache pembeni hakuna kitu. Wewe nawe huoni zaidi ya wanachoona wale polisi.

Kisha wanapumzika nyumbani kwa mkuu wa kijiji, umeme unakatika. Binti yake anaingia na sinia la chai, taa ikiwa juu ya sinia, akimpitia kila mwanamume. Uso wa binti unang'aa kutoka chini, na kila anayeinua macho kupokea chai anaduwaa. Hakuna anayesema neno la maana, wala halihitajiki. Nikiambiwa nichague dakika chache za kumfundishia mwanafunzi wa kamera, nitachukua hizo.

Mwaka huohuo wa 2011 Tiryaki alipewa tuzo ya upigaji picha ya Asia Pacific Screen Awards, tuzo za filamu za Asia na Pasifiki, kwa kazi hiyo. Filamu yao ya tano ni Ahlat Ağacı ya 2018. Ile ya Ceylan ya 2023, Kuru Otlar Üstüne, ilipigwa na wengine.