"Sijasikizwa!" Dhana potofu kuhusu muda wa mahakama katika kesi za ardhi

Dhana inayoniudhi kuliko zote ni hii: "Nina haki ya kusikizwa, kwa hiyo jaji hawezi kuamua bila mimi." Naisikia kutoka kwa wateja wa Njoro, Molo na Subukia hapa Kenya, wawe na kesi ya mpaka, ya urithi au ya hati miliki mbili kwa shamba moja. Jaji amewapa siku 14 za kuwasilisha viapo na ushahidi. Siku zinayoyoma. Siku ya hukumu ndipo wanafika na bahasha ya karatasi wakilia dhuluma.

Kifungu cha 50 cha Katiba kinakupa nafasi ya kusikizwa. Ukishapewa hati za kesi, muda wa kujibu na tarehe, Mahakama ya Mazingira na Ardhi imetimiza wajibu wake. Ukinyamaza, itamsikiza aliyekuja na kuamua, na uamuzi huo utakufunga. Kumbuka pia kwamba huyo jirani unayezozana naye ana haki ileile. Yeye naye anasubiri kesi iishe ajue kama atapanda au hatapanda.

Hapo mtu hunitajia Kifungu cha 159, kwamba mahakama isitawaliwe na ufundi wa kisheria, yaani taratibu ndogondogo za kesi. Kifungu hicho hakikufuta tarehe. Mwaka 2014, katika kesi ya Nicholas Salat dhidi ya IEBC, tume ya uchaguzi, Mahakama ya Juu ilisema wazi kwamba kuongezewa muda si haki ya mtu. Anayeomba lazima aeleze kwa nini alichelewa, na maelezo yaridhishe. Cheti cha hospitali ni maelezo. "Nilikuwa na shughuli" si maelezo. Ukiona muda hautakutosha, omba nyongeza kabla haujaisha. Ukiwa umeshaisha bado unaweza kuomba, ila kila siku unayozidi kukaa inakupunguzia huruma ya jaji.

Aliyehukumiwa bila kupewa samonsi (wito wa mahakama) kabisa, huyo kweli hakusikizwa. Hukumu ya namna hiyo hufutwa kama haki yake, na anaweza kuomba aliyeapa kwamba alimkabidhi samonsi aitwe na kuhojiwa. Lakini aje mara tu anapopata habari, asingoje mpaka tingatinga lifike langoni.

"Nimekata rufaa, hawawezi kunitoa shambani." Wanaweza. Rufaa peke yake haizuii chochote. Lazima uombe amri ya kusimamisha utekelezaji, uombe bila kuchelewa, uonyeshe hasara kubwa utakayopata, na uwe tayari kuweka dhamana.

"Nangoja mwenendo wa kesi upigwe chapa ndipo nianze rufaa." Mwenendo huo ni kumbukumbu za yaliyosemwa mahakamani. Usingoje! Notisi ya kwenda Mahakama ya Rufani ni siku 14 tangu hukumu kutolewa. Barua ya kuomba mwenendo wa kesi ina siku 30, na nakala yake lazima umpe mpinzani. Usipompa, muda uliopotea kwa kungoja uchapaji utahesabiwa dhidi yako. Mimi huwaambia wateja barua hiyo iandikwe siku ileile ya hukumu, kabla hatujatoka mjini.

"Mahakama iko likizo, siku hazihesabiwi." Katika kanuni za kesi za madai, kipindi kinachorukwa ni kuanzia Desemba 21 hadi Januari 13, na hata hapo jaji anaweza kuamuru vinginevyo. Maombi ya zuio la muda, yaani amri ya kumzuia mtu kufanya jambo kesi ikiendelea, hayamo katika msamaha huo. Likizo ya Agosti haikuongezei hata siku moja.

Na kwa wenzetu ambao ardhi yao ndiyo inahakikiwa ili isajiliwe mara ya kwanza: tangazo likitoka kwamba rejista imekamilika, una siku 60 za kupinga, kwa maandishi, kwa afisa anayesimamia uhakiki. Kulalamika kwenye baraza la chifu hakuhesabiki kuwa pingamizi, hata kama kijiji kizima kilikusikia.