Kinena hakizamishwi: dhana potofu kuhusu kufungia lugha hatari

Kila Jumamosi jioni tunakaa wanne barazani kwangu hapa Ujiji, kauntabuku la kwaya tatu katikati, tunabuni ulimwengu. Ulimwengu wenyewe una lugha moja mbaya. Tumeipa jina Kinena. Haina kukanusha, haina "nge" wala "ngali". Ukitamka kitendo, kimeshatendeka. Ukisema mto umekauka, samaki wanabaki wakirukaruka matopeni. Swali linalotukesha ni wenyeji wa nchi hiyo wataifungia vipi, na majibu yanayotangulia ndiyo yale yale ya watu wengi wanaotunga hadithi za namna hii. Ukiyapima kwa lugha za kweli, mengi yanaanguka.

"Choma vitabu, mambo yamekwisha."

Mwaka 1562, huko Maní katika rasi ya Yucatán, mtawa Diego de Landa aliteketeza vitabu vya Wamaya. Vinavyojulikana kunusurika hadi leo ni vinne tu. Ujuzi wa kuyasoma maandishi yale ulipotea kweli, ukaja kurudishwa karne ya 20. Lakini lugha? Watu wa Yucatán bado wanagombania bei kwa Kimaya na kubembelezea watoto kwa Kimaya. Moto ulikula vitabu, haukufika jikoni. Na Kiha chetu, je? Bibi zetu walikirithisha bila kuwa na hata rafu moja ya vitabu.

"Basi izamishe ziwani."

Hili lilikuwa wazo la mpwa wangu: maneno yote ya Kinena yafungiwe kwenye vyungu, yatupwe kilindini. Kwa mtu aliyekulia kando ya Tanganyika, ziwa lenye kina cha karibu mita 1,470, wazo hilo lina mvuto wake. Nikamwambia akumbuke MV Liemba. Meli ile Wajerumani waliiita Graf von Götzen, na Julai 1916 waliizamisha wenyewe ili adui asiipate. Kabla ya kuizamisha, mafundi wakazipaka injini grisi nzito. Mwaka 1924 Waingereza wakaiibua, na kufikia 1927 ilikuwa inabeba watu na mizigo tena kwa jina jipya. Yule aliyeizamisha alikuwa anaiwekea akiba.

Kiebrania nacho kilikaa karne nyingi bila kuwa lugha ya kuombea chumvi mezani, ila kilisaliwa, kilisomwa, kiliandikiwa. Hiyo ndiyo grisi yake. Mwishoni mwa karne ya 19 kikaanza kurudi vinywani mwa watoto. Kwa hiyo sasa tukiandika kwamba Kinena kimezamishwa, namuuliza mpwa: nani alipaka grisi? Maana mlinzi wa vyungu lazima ajue kilichomo, na akishajua, tayari chungu kingine kiko kichwani mwake.

"Wafukuze wasemaji."

Wajerumani waliondoka Kigoma na Tabora mwaka 1916. Mtoto wangu asubuhi anakwenda shule na anadai hela ya chapati. Maneno hayo mawili, "shule" na "hela", waliyaacha wao.

"Wazime sauti."

Kwenye kisiwa cha La Gomera, Uhispania, watu wanapiga mluzi wakaelewana kutoka ng'ambo moja ya bonde hadi nyingine. Ni Kihispania kile kile, kimevuliwa sauti za kawaida kikavishwa mluzi, na watoto wanafundishwa shuleni tangu 1999. Zima sauti, lugha itatafuta pengine pa kutokea.

"Piga marufuku neno, weka lingine."

Hapa ndipo nimekaa muda mrefu, kwa sababu nimelelewa ndani yake. Nyumbani usiku hatukusema "nyoka", tulisema "kamba". Siku moja bibi amekaa na kibatari, akasema taratibu, "Jamani, kuna kamba mlangoni." Binamu yangu mdogo, aliyekuja likizo kutoka mjini, akainuka kwa furaha kwenda kuichukua afungie mbuzi. Bibi alimdaka ukosi wa shati, kibatari kikapinduka, tukabaki gizani sote na "kamba" yetu. (Ilijiondokea yenyewe.)

Neno la kuficha linamlinda anayelijua lile la kwanza tu. Na likitumika sana hunasa hatari ile ile: mimi hadi leo mtu akisema "kamba" baada ya magharibi, miguu inapanda kitini. Tazama pia neno "choo". Watu wenye haya wakahamia "msalani", wengine "maliwato", na kila jina jipya baada ya muda linaanza kunuka. Basi wenyeji wetu wakiliondoa neno la Kinena la kuua wakaweka la kulala, baada ya kizazi kimoja hakuna atakayethubutu kulaza mtoto.

"Lugha hatari haibadiliki."

Hii inachekesha ukiwa Kigoma. Kiha kina toni, yaani kupanda na kushuka kwa sauti kunakobadili maana ya neno; Kiswahili, ndugu yake wa Kibantu, kilishaziacha. Hakuna mfalme aliyezipiga marufuku, ziliondoka huku watu wakizungumza. Hapo mpwa akaruka: "Mjomba, basi tukiachie Kinena sokoni! Wauza dagaa watakichakaza, watakiazima maneno, mwisho kitapata 'nge' yake, kitakuwa lugha ya kawaida."

Wazo zuri kuliko yote tuliyowahi kuandika. Tulikuwa tumeshaanza kuchora soko, na taa za wavuvi zikiwaka kule ziwani, ndipo mzee jirani yetu, mstaafu wa reli, alipoweka kikombe chini.

"Mjukuu wangu, kabla hiyo 'nge' haijafika, mteja wa kwanza akimwambia muuzaji 'bei yako imeniua', itakuwaje?"

Mpwa akafuta soko.