Hivi anayerekodi ni nani? Dhana potofu kuhusu filamu za mabaharia wa peke yao

Kila nikiangalia na watu dokumentari ya baharia anayezunguka dunia peke yake lazima mmoja aropoke, "peke yake wapi, na anayemrekodi je?" Jamani hayupo. Kamera kazifunga mwenyewe, moja kwenye mlingoti, moja nyuma, moja ndani, na mwongozaji wa filamu muda huo yuko nchi kavu anasubiri kama sisi. Picha za helikopta mara nyingi ni za siku ya kuondoka na ya kurudi, maana kule Pasifiki kuna sehemu inaitwa Point Nemo, ardhi ya karibu iko kama kilomita 2,688, helikopta gani itafika? Laura Dekker, msichana Mholanzi aliyemaliza kuzunguka dunia peke yake Januari 2012 akiwa na miaka 16, huko baharini alijirekodi mwenyewe.

Halafu kuna wanaosema mawimbi mbona madogo, jamaa wanatia chumvi tu. Hapo lenzi ndo inadanganya, lenzi pana ya kuingiza boti nzima inasawazisha kila kitu, wimbi la kimo cha ghorofa mbili linaonekana tuta. Wewe angalia kikombe kinavyoruka, au mtu anavyohangaika kuvaa suruali huku mkono mmoja kashikilia ukuta. Na sauti usiiamini sana, upepo ukiingia kwenye maikrofoni ni kukwaruza tu, kwa hiyo nyingine zinaongezwa studio.

"Mbona hakurekodi mlingoti ukivunjika?" Kwa sababu alikuwa na msumeno mkononi, anakata nyaya zinazoshikilia mlingoti uliovunjika kabla haujatoboa boti! Mwongozaji anapata dakika tatu za jamaa anakunywa chai, kipande kinachofuata mlingoti haupo.

Ila dhana inayonikera zaidi ni kwamba mtu akiwa peke yake na kamera basi anasema ukweli wote. Mwaka 1968 Donald Crowhurst aliondoka Uingereza kwenye mashindano ya kuzunguka dunia peke yako, BBC walimpa kamera ya filamu na kinasa sauti, na ukiangalia alichorekodi unaona mwanaume mchangamfu anapiga stori. Kumbe hakuwahi kutoka Atlantiki, alikuwa anatuma kwa redio safari ya uongo, na boti ilipokutwa tarehe 10 Julai 1969 yeye hayumo, zimebaki daftari zenye maandishi ya mtu aliyeelemewa kabisa. Sasa mwongozaji akitegemea kanda peke yake anatengeneza filamu ya shujaa mcheshi, inabidi asome daftari na kanda kwa pamoja, tarehe kwa tarehe, aone siku gani alicheka na siku hiyohiyo aliandika nini.

Eti na hawalali? Wanalala bwana, dakika 20 au 30 alamu inalia, ndo maana video nyingine unaona mtu anaongea huku jicho moja limefumba.